Buveti Ikifungwa, Nani Anauza?

Mjini Bukavu kuna dawa moja inayopendekezwa kwa kila ugonjwa. Kijana akimchoma mwenzake kisu, simu ikiporwa gizani, mshahara ukiyeyuka kabla ya kufika nyumbani, mtoto akirudishwa kutoka shuleni kwa kukosa karo, hukumu huwa tayari: ni buveti, hizi baa ndogo za mtaani, zifungwe. Wahubiri husema hivyo, wazazi husema hivyo, na kila mamlaka inayoushika mji, iwe imechaguliwa, imeteuliwa au imeingia na bunduki, hugundua mapema kwamba agizo la kufunga buveti halina gharama na hupigiwa makofi. Nyawera haikosi kutajwa. Iko ndani ya komini ya Ibanda, ina soko, ina mamotari wanaongoja abiria, na penye watu wengi na franga ndogondogo hapakosi mtu wa kuwauzia kinywaji.

Wanaosema pombe inaumiza watu hawana haja ya kujibiwa, kwa sababu wanasema kweli. Mke anayepigwa Jumamosi usiku hahitaji makala ya gazeti kumthibitishia. Ubishi unaanza pale hoja inaporuka kutoka kwenye maumivu hayo hadi kwenye kufuli, kana kwamba mlango wa buveti ndio uliozaa ulevi na mlango huo ukifungwa ulevi utakufa kwa njaa. Imani hiyo ina historia ya zaidi ya karne moja, yenye tarehe na sheria zake, na mwenye kuifuatilia anakuta jambo lilelile nchi baada ya nchi: vita vya vilabu vilipokwisha, kilichoamuliwa kilikuwa nani atauza na nani atachukua kodi. Wanywaji walibaki.

Historia yenyewe ilipita hapa nyumbani mapema kuliko watu wanavyodhani. Mkataba Mkuu wa Brussels wa tarehe 2 Julai 1890 hukumbukwa kwa vita dhidi ya biashara ya watumwa, lakini sura yake ya sita ni ya pombe kali. Wakubwa wa Ulaya walichora ukanda kutoka nyuzi 20 kaskazini mwa ikweta hadi nyuzi 22 kusini, na Kongo nzima ikaingia humo. Pale ambapo pombe kali ilikuwa haijaenea, ikakatazwa kuingizwa. Pale ilipokwisha kuzoeleka, ikatozwa ushuru. Wasio wenyeji wakawekewa mlango wao wa pembeni, wapate chupa zao kwa kiasi na kwa masharti. Hapo ndipo ulipoanza mtindo ambao Kivu imeishi nao tangu siku hizo: kinywaji ni hatari kikiwa mkononi mwa mtu fulani, na ni ustaarabu kikiwa mkononi mwa mwingine.

Mkataba wa Saint-Germain-en-Laye wa tarehe 10 Septemba 1919 ulikaza kamba. Ulikataza hata kukeneka pombe kali ndani ya maeneo hayo ya Afrika, na mitambo ya kukenekea isiingizwe. Mama wa kijijini aliyekeneka lutuku ya mahindi na muhogo kwa chungu na mrija akawa, bila kujua, mvunjaji wa sheria ya kimataifa. Kisha, mwaka 1923, ikaanzishwa Brasserie de Léopoldville, kampuni ambayo baadaye ikaitwa Bralima, na chupa za kwanza za Primus zikatoka mwishoni mwa 1926. Bia ya kiwandani ikaruhusiwa Mwafrika anunue. Divai na pombe kali zikabaki za Mzungu mpaka katikati ya miaka ya 1950. Wapo waliouita utaratibu huo ulinzi wa wenyeji. Mwenye jicho la biashara anaona soko lililofagiliwa washindani.

Ubelgiji yenyewe ilifanya jambo linalofanana na hilo kwa maskini wake, na kwa tarehe zilizokaribiana. Tarehe 29 Agosti 1919, siku chache tu kabla ya Saint-Germain, ilipita sheria iliyobeba jina la Émile Vandervelde, msoshalisti na waziri wa sheria, ambaye kabla ya hapo aliwahi kuupinga kwa sauti kubwa utawala wa Mfalme Leopold huku Kongo. Pombe kali isinywewe tena mahali pa umma, na dukani isiuzwe chini ya lita mbili kwa mara moja. Hesabu yake ilikuwa wazi: kibarua mwenye ujira wa siku hawezi kulipia lita mbili, atakwenda nyumbani. Bwana mwenye ghala la chini ya nyumba hakuguswa. Sheria hiyo iliishi zaidi ya miaka sitini, hadi ilipofutwa mwishoni mwa 1983, na wakati wote huo Wabelgiji hawakuwa watu wa maji na maziwa. Walikuza bia nzito ambazo leo wanazisifia duniani kote.

Hapa mtetezi wa kufuli huwa anaitaja Marekani, na ni haki yake, maana huko ndiko vita dhidi ya saluni, yaani vilabu vya pombe, vilikopigwa kwa ukali kuliko kwingine. Basi iangaliwe vizuri. Jimbo la Kansas lilipiga marufuku pombe ndani ya katiba yake tangu 1880. Miaka ishirini baadaye, mwaka 1900, mwanamke mmoja aitwaye Carry Nation aliingia katika mji wa Kiowa, Kansas, akavunja saluni kwa mawe, na baadaye akawa mashuhuri kwa shoka lake. Alivunja nini, kama Kansas ilikuwa kavu kwa miaka ishirini? Alivunja vioo na chupa za saluni zilizokuwa wazi mchana kweupe, chini ya sheria iliyozikataza na mbele ya polisi waliozizoea. Mume wake wa kwanza alikuwa mlevi, ndoa ikavunjika, mume naye akafa mapema. Hasira yake ilikuwa na sababu. Lakini shoka lake ni ushahidi kwamba marufuku ya kwanza ilikuwa imeshindwa, na dawa aliyoitaka ilikuwa marufuku zaidi.

Waliokuwa na akili ya kisiasa kuliko yeye ni Anti-Saloon League, chama kilichozaliwa Ohio mwaka 1893. Hoja yao bora, ambayo wafuasi wa leo wameisahau, ilielekezwa juu ya saluni: kwa wenye viwanda. Sehemu kubwa ya saluni za Marekani wakati ule zilifungwa kamba na kiwanda cha bia kilichokopesha meza, kaunta na leseni, na mwenye saluni alilazimika kuuza ili alipe deni. Chama hicho kilijua pia kwamba serikali haiwezi kufunga bomba linaloilisha. Kodi ya pombe ilikuwa nguzo ya hazina ya Washington hadi kodi ya mapato ilipoidhinishwa kikatiba mwaka 1913. Baada ya hapo njia ilikuwa nyeupe: marufuku ya taifa zima ikaanza kutumika Januari 1920. Ikafutwa tarehe 5 Desemba 1933, katikati ya mdororo mkubwa wa uchumi, wakati hazina ilipozihitaji tena zile fedha.

Je, unywaji ulipungua? Ulipungua, na anayebisha hili hasaidii upande wetu. Wachumi Jeffrey Miron na Jeffrey Zwiebel, katika makadirio yao ya 1991, waliona unywaji ukiporomoka mwanzoni hadi kama asilimia 30 ya kiwango cha zamani, kisha ndani ya miaka michache ukapanda hadi asilimia 60 au 70. Hata huo ni upungufu. Lakini kilichokuwa ndani ya bilauri kilibadilika. Mfanya magendo hasumbuki kuficha pipa la bia wakati chupa ya pombe kali inakaa chini ya koti na inaleta faida mara nyingi zaidi. Watu waliokuwa wakinywa bia wakahamishiwa kwenye pombe kali, tena isiyojulikana imetoka wapi. Serikali ilipoona pombe ya viwandani inaibwa na kunywewa, ikaagiza itiwe sumu zaidi. Watu walikufa. Charles Norris, mkuu wa uchunguzi wa vifo wa jiji la New York, aliishutumu serikali hadharani kwa kuendelea kuwatilia sumu watu iliojua watakunywa.

Hilo la kubadilika kwa kinywaji ndilo linalohusu Nyawera moja kwa moja, na ndilo linalorukwa.

Itazamwe kasiksi, pombe ya ndizi ya Bushi. Ndizi huvundikwa hadi ziive, zikamenywa na kukandwa pamoja na majani hadi maji yake yatoke, yakachujwa, yakachanganywa na maji mengine, kisha yakatiwa unga wa mtama uliokaangwa. Mchanganyiko hulala kwenye mtumbwi wa mti uliofunikwa kwa majani ya mgomba, siku moja, mbili, hata tatu. Ukikaa zaidi unachacha na hakuna mnunuzi. Ndiyo maana kasiksi haiwezi kungoja. Inapakiwa kwenye bidoni ya njano, inashushwa mjini asubuhi, na lazima ikute mahali ambapo watu wameketi na wana kiu. Funga mahali hapo kwa juma moja, na mama aliyenunua ndizi za mkopo kule Kabare amekwisha. Mwenye chupa ndogo za plastiki zenye pombe ya asilimia 40 hapati hasara yoyote: bidhaa yake haichachi, inaingia mfukoni, inavuka Ruzizi ndani ya begi, na inauzwa nyuma ya kibanda cha kuchaji simu. Agizo la kufunga buveti linamwadhibu muuzaji wa kinywaji chepesi na kumfungulia njia wa kinywaji kikali. Nani alikusudia hivyo? Huenda hakuna. Matokeo ni hayohayo.

Na kinywaji kikali kikijificha, mnunuzi anabaki na macho yake tu. Wengi hupima lutuku au kanyanga kwa kiberiti: ikiwaka moto wa buluu, ni safi. Methanoli nayo huwaka hivyohivyo, na ndiyo inayopofusha na kuua. Kenya imelipia somo hilo kwa maiti. Chang'aa, pombe kali ya kienyeji ya huko, ilipigwa marufuku kwa sheria ya 1980. Novemba 2000, katika mitaa ya mabanda ya Nairobi, watu zaidi ya mia moja walikufa kwa pombe yenye methanoli iliyouzwa kwa shilingi kumi, ndiyo maana ikaitwa kumi kumi. Mwaka 2010 Bunge likaihalalisha chang'aa ili ipimwe na ifungwe kwenye chupa, lakini misako haikukoma. Februari 2024, kijijini Kangai katika kaunti ya Kirinyaga, zaidi ya watu kumi walikufa tena, na serikali ikaeleza kwamba pombe ile ilikuwa kielelezo cha kesi kilichoibwa kutoka kituo cha polisi. Msako ulikuwa umeikamata, kituo cha polisi kikaihifadhi, na ikarudi mtaani kuua.

Uganda ilifanya ujanja wa aina yake. Sheria ya 1965 ya enguli, pombe kali ya kienyeji, ilimtaka mkenekaji wa kijijini awe na leseni na auze mzigo wake kwa kiwanda, ambacho kiliusafisha na kuutoa kwa jina la Uganda Waragi. Pombe ileile, iliyokuwa aibu ndani ya kibuyu, ikawa fahari ya taifa ndani ya chupa yenye lebo. Walioendelea kuuza kwa kibuyu wakawa wahalifu.

Kabla ya hapo ulikuwapo ule utaratibu wa Durban, kule Afrika Kusini, ambao wakoloni wa Kiingereza waliusifu kote. Sheria ya Natal ya 1908 iliipa manispaa ukiritimba wa kutengeneza na kuuza bia ya mtama. Wanawake waliokuwa wakiipika wakakamatwa, na faida ya vilabu vya manispaa ikalipia idara iliyowatawala Waafrika, pamoja na mabweni yao. Nairobi ilinakili mtindo huo mwanzoni mwa miaka ya 1920 kwa kujenga kilabu chake Pumwani. Wanawake wa Durban walielewa vizuri kilichotendeka. Mwaka 1929 walivishambulia vilabu vile kwa fimbo, na Juni 1959, kule Cato Manor, wakavishambulia tena. Anayewahesabu miongoni mwa wapiganaji wa kupinga ulevi anawasoma vibaya: walitaka waume zao warudi na mshahara, na walitaka pia riziki yao ya kupika irudi mikononi mwao. Mambo hayo mawili walidai pamoja.

Kuna jibu ambalo watu wa kanisa hutoa hapa, nalo si la kudharau. Husema historia hii yote ni ya serikali, wakati wao wanasimama juu ya wokovu. Ni kweli kwamba katika Kivu Kusini kuacha pombe kumeokoa nyumba nyingi, na aliyeokoka akaacha chupa anafahamika mtaa mzima. Wakimbanguisti, tangu Simon Kimbangu alipoanza kuhubiri Nkamba mwaka 1921, wamekaa bila pombe kwa hiari yao na hawakuhitaji polisi. Lakini Wapentekoste wa hapa wangefanya vizuri kukumbuka walikotoka waliowaletea Injili. Wamisionari wa Kinorwe na wa Kiswidi, ambao kazi yao ndiyo mzizi wa makanisa ya CELPA na CEPAC, walifika mwanzoni mwa miaka ya 1920, wakitoka katika nchi zilizokuwa zikipiga kura kuhusu jambo hilihili. Waswidi walipiga kura Agosti 1922 na kuikataa marufuku kwa tofauti ndogo sana. Wanorwe waliikubali mwaka 1919. Muda si mrefu madaktari wao wakawa wanaandika pombe kali kama dawa kwa maelfu ya wagonjwa wenye afya njema, na Hispania na Ureno zikatishia kutonunua samaki wa Norwe kama divai yao haitaruhusiwa kuingia. Samaki wakashinda, divai kali ikaruhusiwa mwaka 1923. Kura ya 1926 ikaimaliza marufuku iliyobaki. Ushuhuda wa mtu aliyeacha pombe ulisafiri na wamisionari hao hadi Kaziba na Lemera ukiwa na nguvu. Sheria ya Norwe ilikuwa inafia bandarini.

Turudi mjini. Wanaoililia Nyawera husema buveti ndizo zinazozalisha ukosefu wa usalama. Mji huu una sababu chache za kuamini hadithi hiyo. Katikati ya Februari 2025 wafungwa walitoka katika gereza la Bukavu, silaha zilizoachwa zikaokotwa hata na watoto, na tarehe 16 waasi wa M23 wakaushika mji. Siku hizo watu waliingia kwenye ghala za Bralima na kubeba bia. Juni mwaka huohuo Heineken, mwenye hisa nyingi za kampuni hiyo, ikatangaza kwamba imepoteza udhibiti wa shughuli zake mjini na kuwaondoa wafanyakazi wake. Bunduki hizo hazikupikwa kwenye mtumbwi wa kasiksi.

Tena bia ya kiwandani ina ukaribu wake na bunduki, ambao mahubiri hayaugusi. Mwaka 2013 watafiti Jason Miklian na Peer Schouten walieleza jinsi malori ya bia mashariki mwa Kongo yanavyolipa kwenye vizuizi vya makundi yenye silaha ili yapite. Na chini ya kundi la waasi la RCD, lililoutawala mji huu kati ya 1998 na 2003, Bralima ya Bukavu iliwaachisha kazi watu kwa ruhusa ya waasi. Wafanyakazi wa zamani 168 walifuatilia haki yao hadi Uholanzi, wakafungua malalamiko mwaka 2015 na kufikia makubaliano ya fidia mwaka 2017. Kwa miaka yote hiyo Bukavu iliendelea kusikia maagizo ya saa za kufunga buveti. Hakuna agizo lililowahi kuuliza kreti imepita vizuizi vingapi hadi kufika mezani.

Atasimama mtu aseme: hata Shirika la Afya Duniani linapendekeza kupunguza upatikanaji wa pombe. Ndiyo, linapendekeza, pamoja na kodi na kuzuia matangazo. Lakini hatua hizo zina sharti ambalo linamezwa: kanuni iwe ya wote na isimamiwe na mtu asiyeweza kuhongwa kwa chupa mbili. Mfano wa karibu zaidi wa hatua yenye akili uko Tanzania. Februari 2017 Waziri Mkuu Kassim Majaliwa alitangaza kwamba kuanzia tarehe 1 Machi viroba, yaani vipakiti vya pombe kali, havitatengenezwa, kuuzwa wala kutumiwa. Uganda ikafuata mwaka 2019. Hawakuhangaika na milango ya baa. Waligusa kifungashio, kile kipakiti cha bei ya peremende ambacho mwanafunzi aliweza kukificha kwenye soksi, na waliokibana ni wenye viwanda. Viroba vya magendo vilibaki, hilo halifichiki. Lakini hatua ilianzia kwa mtengenezaji, jambo ambalo Bukavu haijazoea kulifanya.

Bukavu ingeweza kuanza hapohapo: chupa ndogo za plastiki za pombe kali, ambazo mtu yeyote anaweza kuzikuta kando ya soko la Nyawera kabla ya saa nne asubuhi, zikiuzwa na watu wasio na buveti kabisa. Ingeweza kuwa na mahali ambapo lutuku na kanyanga zinapimwa methanoli bila anayezileta kukamatwa, kwa sababu anayeogopa kukamatwa hazileti. Ng'ambo ya Ruzizi, Rwanda inaihesabu kanyanga pamoja na dawa za kulevya, na bado inavuka.

Ama saa za kufunga, ziwekwe, lakini zibandikwe kwanza kwenye baa za hoteli za La Botte na Muhumba, zile zinazotazama ziwa, ambako wanaotia saini maagizo hayo hunywa wakiwa na wageni wao. Mama wa kasiksi wa Nyawera analipia tiketi ya soko kila asubuhi. Siku buveti anayoipelekea bidoni yake itakapofungwa, aje mtu wa komini amweleze ile tiketi ya asubuhi alilipia nini.